Liwali Said bin Salim: Mjumbe wa Unguja Katika Nchi ya Wanyamwezi



Kama ilivyo desturi ya kijarida chetu cha harambee, kabla ya taarifa ya fedha na orodha ya michango tunatoa nafasi kwa maisha ya mtu mmoja wa zamani ambaye historia yake inapita katika ardhi yetu. Safari hii hatukumchagua mtemi wala mtu wa kuzaliwa huku. Tumemchagua mgeni aliyetumwa na serikali ya kisiwa kuja kuiwakilisha katika nchi ya Wanyamwezi, akakaa miaka mingi, akahudumia wakubwa wengi, na mwisho akafukuzwa na watu wa upande wake mwenyewe. Jina lake ni Said bin Salim al-Lamki. Kwa nini tumemchagua yeye, tutaeleza mwishoni.

Tuanze na serikali iliyomtuma. Katikati ya karne ya 19 Unguja ilikuwa dola ndogo ya visiwa yenye jina kubwa baharini. Seyyid Said alitia saini mkataba wa biashara na Marekani mwaka 1833, na mwaka 1840 alimtuma Ahmad bin Na'aman hadi New York kwa merikebu iitwayo Sultana. Katika shehena ya merikebu hiyo yalikuwamo meno ya ndovu, na iliporudi ilileta vitambaa vya pamba, vile ambavyo babu zetu waliviita merikani. Mataifa makubwa nayo yaliweka mabalozi wao Unguja. Kwa hiyo watawala wa kisiwa kile walijua vizuri kazi ya kutuma mtu kukaa katika nchi ya wengine ili kulinda maslahi ya kwao.

Upande wa bara mambo yalikuwa magumu zaidi. Pembe zilizoipa Unguja utajiri zilitoka ndani kabisa, na kituo kikuu cha biashara hiyo kilikuwa Unyanyembe, pale Tabora ambapo wakati ule wengi walipaita Kaze. Hapo njia iligawanyika: moja ilikwenda magharibi hadi Ujiji, nyingine ilipanda kaskazini kwenda Karagwe na Buganda, na nyingine ilikwenda upande wa ziwa kupitia nchi za Wanyamwezi na Wasukuma, ndiyo nchi yetu hii. Waarabu na Waswahili wa pwani walijenga matembe yao Tabora na Kwihara, wakapanda mipunga, wakaoa na kuzaa. Lakini ardhi haikuwa yao wala ya Sultani. Ilikuwa ya mtemi wa Unyanyembe. Bendera nyekundu ya Unguja ilipepea pale kwa ridhaa ya mwenyeji.

Katika mazingira hayo ndipo alipoingia Said bin Salim.

Alizaliwa Kilwa. Baba yake, Mwarabu wa ukoo wa Lamki, alikuwa liwali wa huko. Mama yake alikuwa mjakazi mwenye asili ya Bukini. Said alikua katika nyumba ya utawala, akajifunza kuandika barua, kupokea wageni na kusikiliza mashauri, na alipokuwa mtu mzima akapewa uliwali wa Saadani, bandari ndogo ya Mrima iliyotazamana na Unguja. Waliomwona walimweleza kuwa mtu mwembamba, mpole, mwenye adabu nyingi na asiyependa ugomvi. Wapo waliouita upole huo woga.

Mwaka 1857 alikuwa na umri wa kama miaka 40. Seyyid Said alikuwa amefariki mwaka uliotangulia na mwanawe Majid alikuwa ametawala Unguja. Waingereza wawili, Richard Burton na John Speke, walifika wakitaka kwenda bara kutafuta maziwa makuu. Serikali ya Unguja ikamteua Said bin Salim kuwa kiongozi wa msafara wao. Kazi yake ilikuwa kuajiri wapagazi, kutunza mali, kuzungumza na watemi njiani na kukubaliana nao juu ya hongo.

Msafara uliondoka pwani mwishoni mwa Juni 1857 na kuingia Kaze tarehe 7 Novemba, baada ya zaidi ya miezi minne ya mwendo. Tukisoma historia hizi tumezoea kuwahesabu Wazungu wawili, lakini mizigo haikujibeba. Ilibebwa na watu, na katika njia hiyo wapagazi waliosifika kuliko wote walikuwa Wanyamwezi. Wengi wao walikuwa watu huru waliofanya kazi kwa ujira. Kijana aliondoka baada ya mavuno, akashuka pwani na mzigo wa frasila mbili hivi begani, yaani zaidi ya kilo 30, akarudi na nguo, shanga na habari. Kwa vijana wa nchi hizi, kuiona pwani ilikuwa sehemu ya kuwa mwanamume. Ni haki pia kusema kwamba katika njia hiyohiyo walipita watumwa, waliochukuliwa kwa nguvu na hawakurudi. Biashara ya Unguja ilikuwa na sura zote mbili, na Said bin Salim aliihudumia yote.

Burton hakupatana naye. Kabla safari haijaisha alimwondolea usimamizi wa mali, na baadaye katika maandishi yake hakumtaja kwa wema. Waliporudi pwani mwaka 1859 ukazuka mgogoro mkubwa juu ya malipo. Balozi mpya wa Uingereza Unguja, Rigby, alishikilia kwamba Said na wengine wa msafara walikuwa wameahidiwa ujira ambao hawakupewa. Burton alikana. Mgogoro ule ulifika hadi kwa wakubwa wa serikali yao na kuacha uadui wa kudumu kati ya wawili hao. Kwa Said lilikuwa somo la kwanza la kazi ya ujumbe: unaweza kuwafikisha watu salama kwenda na kurudi, na bado hesabu yako ikabaki wazi.

Speke yeye alikuwa na mtazamo mwingine. Aliporudi mwaka 1860 pamoja na James Grant kutafuta chanzo cha mto Nile, alimchukua tena Said bin Salim kuongoza msafara. Walifika Kaze mwezi Januari 1861. Hapo Said akaugua sana, akashindwa kuendelea. Speke na Grant walikwenda zao kaskazini, naye akabaki Unyanyembe. Ugonjwa huo ndio uliobadilisha maisha yake. Hakuwa tena mtu wa misafara. Akawa mkazi, na katika miaka hiyo ya 1860 akawa liwali, yaani mwakilishi wa Sultani wa Unguja katika nchi ya Wanyamwezi.

Wakati huo Unyanyembe ilikuwa na vita. Mtemi Fundikira alikuwa amefariki, na Mnywa Sele aliyemrithi alitaka wafanyabiashara wa pwani walipe ushuru kwa mali iliyopita katika nchi yake. Ukitazama leo, alidai haki ambayo kila serikali inaidai mpakani. Wafanyabiashara walikataa, wakamuunga mkono Mkasiwa, wakamtawaza badala yake. Mnywa Sele akaingia porini na kupigana nao kwa miaka, akikata njia na kuzuia misafara. Speke alijaribu kuwapatanisha mwaka 1861 akashindwa. Mwisho Mnywa Sele aliuawa, lakini jeraha lilibaki. Kuanzia hapo kila mtemi alijua kwamba wageni wa pwani wanaweza kumwondoa mwenyeji, na kila mgeni alijua kwamba mwenyeji anaweza kuifunga njia.

Liwali Said alifanya kazi katikati ya hofu hizo mbili. Alipokea barua kutoka Unguja na kuzijibu. Alisuluhisha madai ya wafanyabiashara wao kwa wao. Alishauriana na Mtemi Mkasiwa. Alitunza mizigo ya watu walioko mbali na kuwapa malazi wageni waliofika na barua za Sultani. Ni kazi zile zile zinazofanywa na ubalozi wowote wa leo. Tofauti ni kwamba ubalozi wa leo una bajeti na sheria za kimataifa za kuulinda. Said alikuwa na askari wachache, na aliishi kwa biashara kama wafanyabiashara wengine. Matajiri wa Tabora walikuwa na bunduki na watu wengi kuliko yeye. Walimtii pale amri yake ilipowafaa.

Tarehe 23 Juni 1871 Henry Stanley aliingia Unyanyembe akimtafuta Livingstone. Liwali alimpokea kwa heshima na kumpa tembe kubwa Kwihara. Lakini mgeni alikuwa amefika katika saa mbaya. Magharibi, huko Urambo, alikuwa ameinuka Mirambo, mtemi kijana mwenye ruga-ruga wake, naye alikuwa ameifunga njia ya Ujiji kwa misafara ya Waarabu. Wafanyabiashara walikaa shauri, wakaamua vita. Walidhani ingekuwa kazi ya siku chache.

Mwanzoni mwa Agosti waliteka kijiji kimoja cha Mirambo, wakagawana pembe na nyara. Walipokuwa wakirudi na mizigo, Mirambo akawavizia njiani na kuwaua wengi. Waliosalia walikimbia, kila mmoja kwa njia yake, na Stanley mwenyewe aliyekuwa pamoja nao akalazimika kurudi. Tarehe 22 Agosti Mirambo akaingia Tabora kwenyewe. Khamis bin Abdullah, aliyekuwa miongoni mwa wafanyabiashara mashuhuri kabisa pale, alitoka kupigana naye na watu wachache, akauawa. Sehemu ya mji ikachomwa moto.

Kwa liwali huu ulikuwa msiba mara mbili. Kwanza, watu aliowasimamia walikuwa wamekufa. Pili, kila mtu sasa aliona kwamba bendera ya Unguja haikuweza kulinda hata nyumba zilizokuwa chini yake. Sultani wakati huo alikuwa Barghash, na kisiwa kilikuwa katika shida zake. Mwezi Aprili 1872 kimbunga kilibomoa majahazi na kung'oa mikarafuu ya Unguja. Mwezi Juni 1873 Waingereza walimlazimisha Barghash kutia saini mkataba wa kufunga soko la watumwa. Barghash alituma askari kwenda bara dhidi ya Mirambo, lakini hawakumshinda. Walikula akiba ya Tabora, wakaondoka, na Mirambo akabaki pale pale na nguvu zaidi.

Katika miaka hiyo ya dhiki Kwihara iliendelea kupokea wageni. Stanley na Livingstone walifika pamoja mwezi Februari 1872. Stanley aliondoka mwezi Machi, na Livingstone akakaa hadi Agosti akingoja wapagazi kutoka pwani. Mali iliyotumwa kwa Livingstone kupitia Unyanyembe ilikuwa imepungua na nyingine kupotea, na lawama zikamfika liwali. Mwaka 1873 alifika Cameron na wenzake, nao wakapewa nyumba Kwihara. Mwezi Oktoba mwaka huo Susi na Chuma wakafika na mwili wa Livingstone wakiupeleka pwani.

Leo tembe la Kwihara, nje kidogo ya mji wa Tabora, ni makumbusho, na watu hulijua kwa jina la Livingstone, aliyekaa pale miezi michache. Mwakilishi aliyewapa wageni wale malazi na kukaa nao katika vita, maradhi na msiba hatajwi na wengi. Hatulaumu mtu. Tunasema tu kwamba kumbukumbu huwafuata wale walioandika.

Ilipofika 1876 mapigano makubwa na Mirambo yalikuwa yametulia. Mwaka huo Mtemi Mkasiwa akafariki, na nafasi yake ikachukuliwa na Isike. Said bin Salim sasa alikuwa mzee. Tatizo lililomwangusha halikutoka kwa Mirambo wala kwa Isike. Lilitoka ndani ya jumuiya yake. Ndugu wawili, Abdallah bin Nasibu na Sheikh bin Nasibu, walikuwa na mali, watu na bunduki, nao hawakuridhika na uongozi wake. Mvutano ulikua miaka kadhaa. Mwaka 1878 wakamwondoa. Abdallah bin Nasibu akashika uliwali wa Unyanyembe, na Said bin Salim akatoka katika mji alioutumikia kwa miaka kama 15.

Alihamia Uyui, upande wetu huu. Msomaji wa Nzega anapajua: kila unaposafiri kwenda Tabora unapita katika Wilaya ya Uyui. Huko mzee yule wa Kilwa, aliyekuwa amepokea wageni wa mataifa, alikaa kama mgeni wa mtemi mwingine wa Kinyamwezi, bila cheo. Hakurudi pwani kwao. Alifariki huku bara miaka ile ile ya mwisho ya 1870.

Waliomfukuza nao hawakufaidi kwa muda mrefu. Abdallah bin Nasibu aliitwa pwani na Barghash mwaka 1881, na hakuonekana tena Tabora. Uwakilishi wa Unguja uliendelea kwa jina, ukizidi kudhoofika, hadi mwaka 1890 Emin Pasha alipofika na kupandisha bendera ya Wajerumani Tabora. Mtemi Isike alipigana na Wajerumani hao hadi Januari 1893, alipojilipua kwa baruti ndani ya ngome yake kuliko kutekwa akiwa hai. Ndivyo ujumbe wa kisiwa katika nchi yetu ulivyokwisha, na ndivyo uhuru wa mwenyeji ulivyokwisha muda mfupi baadaye. Mgeni na mwenyeji waliokuwa wamechoshana kwa vita vya miaka 30 walikutwa na mtu wa tatu wakiwa hawana umoja wala nguvu.

Sasa tuseme kwa nini tumemleta liwali huyu katika kijarida cha harambee.

Chama chetu nacho ni aina ya ujumbe. Wengi wetu tunaishi mbali na Nzega: Dar es Salaam, Mwanza, Arusha, Dodoma, wengine nje ya nchi. Huko tuliko, sisi ndio wawakilishi wa Ndala, Puge, Itobo, Bukene na vijiji vingine vyote vya kwetu. Mtoto wa Nzega akifika mjini na barua ya chuo mkononi bila mahali pa kulala, hubisha hodi kwa mmoja wetu. Mgonjwa akipewa rufaa, simu hupigwa kwa mmoja wetu. Na tunaporudi nyumbani kwa kikao cha mwaka, tunakuwa tena wageni wa wenyeji, tunaoleta nguo na habari kama wapagazi wa zamani.

Maisha ya Said bin Salim yanatuonyesha mambo mawili yanayoua ujumbe. La kwanza ni kumtuma mtu bila kumpa uwezo. Unguja ilimpa cheo na bendera, ikamwacha ajitafutie. Sisi nasi tumewahi kufanya hivyo. Tumechagua kamati ya ujenzi kwa makofi na vigelegele, halafu wajumbe wakatumia nauli zao kufuatilia vibali na bei za saruji, na michango ikachelewa miezi. Mwisho tukawauliza kwa ukali kwa nini kazi haijakwisha.

La pili ni mafarakano ya ndani. Wanachama wanakumbuka kwamba mwaka uliopita matawi yetu mawili yalivutana juu ya nani asimame mbele ya mgeni rasmi, na kwa sababu hiyo kikao kimoja kikavunjika kabla ya kufika ajenda ya ujenzi. Hatuyaandiki haya ili kumwaibisha mtu. Mambo hayo yamesuluhishwa na wazee, na tunawashukuru. Lakini wakati sisi tunavutana, wasichana wa kidato cha pili walikuwa bado wanatembea kilomita nyingi kila asubuhi, na wengine kupanga vyumba mitaani wakiwa na umri wa miaka 15, pasipo mtu mzima wa kuwaangalia. Wale hawawezi kungoja tumalize kujua nani mkubwa.

Mwaka huu lengo letu ni moja: kumalizia bweni la wasichana. Kuta zimesimama. Kinachobaki ni paa, milango na madirisha, vitanda, na tangi la kuvunia maji ya mvua, maana kiangazi cha Nzega kila mmoja wetu anakijua. Taarifa ya fedha iko kurasa zinazofuata, pamoja na majina ya waliochanga na ya walioahidi. Kamati ya ujenzi itatoa hesabu kila robo mwaka, na safari hii tumetenga nauli yao mapema.

Mgeni wa Kilwa alifia Uyui bila cheo kwa sababu waliomtuma walikuwa mbali na waliokuwa karibu naye walimpinga. Tusiwafanyie hivyo tuliowachagua wenyewe. Mpagazi wa Kinyamwezi alipochoka, mwenzake alimshika mzigo wapumzike kwa zamu, na msafara ukafika. Mzigo wa bweni hili ni mwepesi kuliko frasila mbili kwa kila bega, tukiwa wengi.

Karibuni tuchange.